Usimsome Rousseau Peke Yake

Katika kitabu cha 5 cha Émile, kazi yake kuhusu malezi ya mvulana wa jina hilo iliyotoka mwaka 1762, mwanafalsafa Jean-Jacques Rousseau anasimulia kisa cha msichana mdogo aliyejifunza kuandika kabla hajajua kusoma. Katika herufi zote, msichana huyo hakutaka kuandika nyingine ila O. O kubwa, O ndogo, O ndani ya O nyingine, tena kila moja akiichora kinyumenyume. Siku moja akiwa katika shughuli hiyo akajiona kwenye kioo, akaona mkao ule haumpendezi, akaitupa kalamu na asitake tena kuandika. Kaka yake naye alichukia kuandika, Rousseau anaongeza, lakini yeye alichochukia ni kule kubanwa. Jinsi alivyoonekana akiwa ameinama hakukumshughulisha hata kidogo.

Rousseau haleti kisa hiki ili tucheke. Kwake ni ushahidi. Anataka tukubali kwamba msichana huzaliwa akijali sura yake, na kwa hiyo elimu yake yote ipangwe kwa kumtazama mwanamume: jinsi ya kumpendeza, kumfaa, kumlea akiwa mdogo, kumtunza akiwa mkubwa, kumliwaza na kumfanyia maisha yawe matamu.

Miaka 30 baadaye, mwaka 1792, mwandishi Mwingereza Mary Wollstonecraft alikinukuu kisa hichohicho katika kitabu chake cha kutetea haki za mwanamke. Akasema hadithi kama hizi, zinazodai kwamba wasichana huzaliwa wakijali miili yao bila kujali mifano wanayoiona kila siku, hazistahili hata kudharauliwa. Halafu akaandika sentensi ambayo mimi nimeipigia mstari: huenda yeye amepata nafasi ya kuwaangalia wasichana wengi zaidi utotoni mwao kuliko J. J. Rousseau, na isitoshe anakumbuka hisia zake mwenyewe.

Angalia alivyolishika jambo. Hasemi kwamba ametukanwa, wala haombi ahurumiwe. Anamgeukia shahidi na kumuuliza: wewe ulikuwa umesimama wapi hata ukayaona haya? Aliyeuliza alikuwa amewahi kuendesha shule na kufanya kazi ya kulea na kufundisha watoto wa matajiri. Aliyeulizwa, kama alivyokiri mwenyewe katika maungamo yake, watoto wake wote watano aliwapeleka katika nyumba ya kulelea watoto waliotupwa.

Nimekaa na vitabu hivi kwa muda mrefu sasa, na kadiri ninavyovisoma ndivyo ninavyozidi kuamini jambo moja. Waandishi wa mwanzo waliotetea wanawake hawakuja kuomba nafasi kwenye meza ya falsafa. Walikuwa wakikagua mahesabu yake. Walichukua kanuni ambazo wanafalsafa walijivunia, wakazifuata hatua kwa hatua mpaka mahali ambapo mwenye kanuni aliiacha njiani, kisha wakauliza kwa nini aliiacha hapo. Mtu anayetaka kujifunza kusoma falsafa kwa makini hatapata walimu bora kuliko hao.

Lakini sivyo tunavyofundishwa kuwasoma. Katika darasa la falsafa nililopitia, orodha ya vitabu ilikwenda moja kwa moja: Plato, Aristotle, Descartes, Locke, Rousseau, Kant, Mill. Wanawake waliwekwa mwishoni kabisa, chini ya kichwa chao cha peke yao, kama wageni wanaofika wakati vyombo vinaoshwa. Matokeo yake tulimsoma Rousseau mwanzoni mwa muhula, na aliyemjibu tukamfikia wakati Rousseau tumekwisha kumsahau. Wollstonecraft akaonekana mtu anayefoka peke yake chumbani. Bila shaka! Ukisikiliza upande mmoja wa mazungumzo ya simu, kila mtu huonekana hivyo.

Kwa hiyo anayeniuliza aanzie wapi humwambia asisome kwa foleni, asome kwa jozi.

Jozi ya kwanza ninayompa mtu ni fupi, na haina hata neno moja kuhusu haki za wanawake. Mwezi Mei 1643 Elisabeth wa Bohemia, binti wa mfalme aliyepokonywa ufalme, akiwa na miaka 24 na akiishi uhamishoni Uholanzi, alimwandikia barua René Descartes. Alikuwa na swali moja. Descartes alikuwa amefundisha kwamba nafsi ni kitu kinachofikiri tu, hakina umbo wala hakichukui nafasi, na kwamba mwili ni kitu kinachochukua nafasi tu, hakifikiri. Vema, alisema Elisabeth. Sasa nafsi inausukumaje mwili? Kitu husukumwa kwa kuguswa, na kisicho na umbo kitagusaje?

Descartes alijibu kwa mfano wa uzito: watu huwaza kwamba uzito hulivuta jiwe chini bila kitu chochote kuligusa, basi nafsi nayo iwazwe hivyo inapousogeza mwili. Elisabeth hakuridhika. Alimkumbusha kwamba dhana hiyo ya uzito yeye mwenyewe Descartes alikuwa ameikataa katika fizikia yake, sasa itamsaidiaje kueleza jambo lingine? Akaongeza kwamba kwake ni rahisi zaidi kukubali kuwa nafsi ina umbo kuliko kukubali kuwa kisicho na umbo kinaweza kusogeza mwili. Katika barua iliyofuata Descartes alimshauri asiumize kichwa sana kwa mambo haya. Yeye mwenyewe, alisema, hutenga saa chache tu kwa mwaka kwa fikra zinazohitaji akili peke yake.

Saa chache kwa mwaka! Kila nikifika hapo hucheka. Mtu amebanwa pabaya, anatafuta mlango kwa adabu. Na alilijua hilo, maana mwaka uliofuata alimtabaruku Elisabeth kitabu chake cha kanuni za falsafa, na barua ziliendelea mpaka alipofariki Stockholm mwaka 1650.

Ila kuna kilichonigusa zaidi. Descartes alipokufa, Elisabeth hakuridhia barua zake zichapishwe. Za Descartes zilianza kutoka mwaka 1657, za Elisabeth hazikutoka mpaka 1879. Kwa zaidi ya miaka 200 wasomi walikuwa na majibu bila maswali. Waliona Descartes akijieleza, akirudi nyuma, akirekebisha, wasijue ni nani aliyekuwa akimrudisha. Siku hizi swali la Elisabeth hutajwa kama pingamizi zito kuliko yote dhidi ya fundisho la nafsi na mwili kuwa vitu viwili tofauti. Limo katika kila kitabu cha utangulizi. Mwenye nalo wakati mwingine hatajwi.

Baada ya hapo ndipo tunarudi nyuma, kwa Wayunani.

Katika kitabu cha 5 cha Jamhuri, Plato anamfanya Socrates ahoji kama wanawake wanaweza kuwa walinzi wa mji, na kazi hiyo inajumuisha kutawala. Wapinzani watasema maumbile ya mwanamke na mwanamume ni tofauti, na tofauti ya maumbile inadai tofauti ya kazi. Jibu la Socrates ni la mzaha, na ni kali. Mwenye upara na mwenye nywele nyingi nao wana maumbile tofauti. Je, kama wenye upara ni washona viatu, wenye nywele tuwakataze kushona? Tofauti si hoja mpaka uonyeshe inahusiana vipi na kazi yenyewe. Ukisema mmoja huzaa na mwingine hutungisha mimba, hujasema lolote kuhusu uwezo wa kutawala.

Hoja hiyo, kwa maoni yangu, haijawahi kujibiwa. Imepitwa pembeni tu. Na wa kwanza kuipita pembeni ni Plato mwenyewe, kwa sababu katika mazungumzo hayohayo anasema wanawake kwa jumla ni dhaifu kuliko wanaume katika kila kitu, na katika Timaios, kitabu chake kingine, anaeleza kwamba wanaume waliokuwa waoga na wadhalimu huzaliwa tena wakiwa wanawake. Nayataja haya kwa sababu kuna mtindo wa kumvika Plato joho la mtetezi wa wanawake, na halimkai.

Aristotle, mwanafunzi wake, alichukua njia nyingine. Katika kitabu chake Siasa anagawa: mtumwa hana kabisa uwezo wa kupima mambo na kuamua, mwanamke anao, ila hauna mamlaka, mtoto anao, ila haujakomaa. Hauna mamlaka. Juu ya nini? Juu ya hisia zake mwenyewe, au juu ya watu wasiotaka kumsikiliza? Wataalamu bado wanabishana. Kama ni la kwanza, Aristotle anadai jambo kuhusu nafsi ya mwanamke na hana budi kulithibitisha. Kama ni la pili, anaeleza tu jinsi jamii yake ilivyo, kisha anayaita maelezo hayo maumbile. Simama hapo kwa muda, usipite haraka. Karibu kila kilichofuata kwa miaka 2000 ni marudio ya mruko huo: kuruka kutoka “hivi ndivyo walivyo” hadi “hivi ndivyo walivyoumbwa”.

Kati ya wasomaji wote wa Wayunani hawa, aliyeuona mruko huo mapema na kuusema waziwazi ni Ibn Rushd wa Cordoba, aliyefariki mwaka 1198. Alikuwa kadhi, tabibu, na mfafanuzi mkubwa wa Aristotle. Lakini hakuipata Siasa ya Aristotle, kwa hiyo akaifafanua Jamhuri ya Plato badala yake. Maandishi yake ya Kiarabu yamepotea, tunayo tafsiri ya Kiebrania. Humo, alipofika kwenye swali la wanawake, hakuishia kumfafanua Plato. Alitazama miji ya zama zake. Akasema uwezo wa wanawake katika miji hii haujulikani, kwa sababu wamechukuliwa kwa ajili ya uzazi tu na kuwahudumia waume, na kwa kuwa hawaandaliwi kwa ubora wowote wa kibinadamu, mara nyingi wanafanana na mimea. Halafu anageuza kibao: hali hiyo ni mojawapo ya sababu za umaskini wa miji yenyewe.

Neno la mimea linakera, najua. Lakini lisome mahali lilipo. Hasemi waliumbwa mimea, anasema wamefanywa hivyo, na anayeulizwa ni mji. Hii ni hoja ileile ambayo John Stuart Mill ataiandika mwaka 1869, na tukaambiwa darasani ni zao la Uingereza ya karne ya 19.

Nikiifupisha, ni hivi. Watu wakifungwa miguu kwa miaka mingi, udhaifu wa miguu yao si ushahidi kwamba hawakuumbwa kutembea. Aliyewafunga hawezi kuja mahakamani kuleta udhaifu huo kama kielelezo. François Poulain de la Barre, mfuasi wa Descartes aliyechapisha kitabu chake cha usawa wa jinsia mbili mwaka 1673, aliongeza kipengele cha pili: waliotoa hukumu ndio wenye kesi. Kila kilichoandikwa na wanaume kuhusu wanawake kitiliwe shaka, alisema, kwa kuwa wao ni mahakimu na ni washtaki pia. Sisi tungesema kesi ya nyani imepelekwa kwa ngedere. Poulain alikuwa akiitumia silaha ya Descartes mwenyewe. Descartes alitaka tuyatilie shaka yote tuliyoyapokea bila kuyachunguza. Basi, aliuliza Poulain, hili la wanawake limeachwaje? Ni wazo gani lililopokewa na watu wengi zaidi bila kuchunguzwa? Na kama nafsi kweli haina umbo, itakuwaje na jinsia? Akili haina jinsia, alihitimisha.

Wakati huohuo, ng'ambo ya bahari, Juana Inés de la Cruz alikuwa akisoma katika chumba chake ndani ya nyumba ya watawa huko Meksiko. Mwaka 1690 askofu wa Puebla, akijificha nyuma ya jina la mtawa wa kike, alimshauri hadharani aachane na elimu za dunia. Jibu lake la mwaka 1691 ni moja ya maandishi ninayorudia mara kwa mara, kwa sababu linatabasamu huku likikata. Anasimulia kwamba alipowahi kukatazwa vitabu alikwenda kusoma jikoni: yai hushikamana likikaangwa kwa mafuta, bali husambaratika likitiwa kwenye maji ya sukari. Kwa nini? Ndipo anasema lile neno lake, kwamba Aristotle angepika, angeandika mengi zaidi.

Watu hulichukua neno hilo kama utani wa jikoni. Mimi nalisoma kama lawama ya kitaalamu. Aristotle aliheshimika kwa kuchunguza maumbile kwa macho, na kulikuwa na mahali pazima pa uchunguzi ambapo hakukanyaga, kwa sababu ya yale aliyoamini kuhusu watu wanaofanya kazi pale. Juana Inés alikuwepo pale. Baada ya miaka michache alilazimika kuachana na vitabu vyake, na mwaka 1695 alifariki akiwauguza watawa wenzake.

Mary Astell hapendwi sana na wasomaji wa leo, na sababu ipo. Alikuwa Mwingereza mhafidhina, mtiifu kwa kanisa na kwa mfalme, aliyeamini kwamba mwanamke akishaolewa amejichagulia bwana na amtii. Lakini mtu huyuhuyu, katika utangulizi alioongeza mwaka 1706 kwenye kitabu chake kuhusu ndoa, aliwauliza waliokuwa wakishangilia uhuru wa raia: ikiwa wanaume wote huzaliwa huru, imekuwaje wanawake wote wazaliwe watumwa? Kama mamlaka yasiyo na mpaka hayafai katika dola, yanafaaje katika familia? Yeye hakuuamini huo uhuru waliouhubiri. Alitaka tu waufikishe nyumbani kwao, au wanyamaze. Hoja haihitaji mwenye nayo awe upande wako. Kwa mwanafunzi wa falsafa hilo ni somo zuri kuliko kusoma wale tu unaokubaliana nao.

Sasa nirudi kwa Wollstonecraft, maana ndiye niliyekaa naye zaidi.

Godwin, mumewe, aliandika kwamba kitabu kile kiliandikwa kwa wiki 6 tu, na kinaonekana. Anarukaruka, anarudia, anaanza jambo na kuliacha. Msomaji anayetafuta mpangilio wa Aristotle atachoka kufikia sura ya 3. Lakini chini ya vurugu hiyo kuna hoja moja iliyosimama wima, na si hoja ya haki kwanza. Ni hoja ya wema. Kila mtu wa zama zake alitaka wanawake wawe wema: watiifu, wasafi, wavumilivu. Vizuri, anasema Wollstonecraft. Lakini wema ni nini? Nyinyi wenyewe mmefundisha kwamba tendo huwa jema pale mtu anapolielewa na kulichagua kwa akili yake. Anayetii kwa sababu hajui lingine hana wema, ana mazoea. Basi mkimnyima akili, mmemnyima wema, na hamna haki ya kumdai. Na hakuna wema wa kike na wema wa kiume, kama vile hakuna ukweli wa kike na ukweli wa kiume.

Soma hilo ukiwa na Émile upande wa pili wa meza. Rousseau anamlea Émile asimtegemee mtu yeyote, asifuate kauli ya wengine, afikie kila jambo kwa kulichunguza. Kisha anamlea Sophie, mke mtarajiwa, kwa kanuni iliyopinduliwa: yeye haitoshi awe mwema, lazima pia watu waseme ni mwema. Wollstonecraft hakuhitaji kuleta kanuni yake. Ya Rousseau ilimtosha. Katika sura ya 5 ananukuu kurasa nzima za Rousseau na kumkatiza kila baada ya aya, na unaona kabisa kwamba anazijua kurasa hizo kama mtu aliyewahi kuzipenda. Alizipenda kweli. Miaka miwili baadaye aliandika katika barua kwamba sikuzote amekuwa nusu yake anampenda Rousseau. Ukali wa namna ile hautoki kwa mtu baki.

Kitabu alikitabaruku kwa Talleyrand, mwanasiasa Mfaransa aliyekuwa amelipelekea bunge la Ufaransa mpango wa elimu ya umma mwaka 1791 uliowapangia wasichana elimu ya nyumbani. Katika waraka huo wa mwanzo kuna swali ambalo Mapinduzi ya Ufaransa hayakulijibu: ni nani aliyemfanya mwanamume awe hakimu pekee, ikiwa mwanamke naye amejaliwa akili? Hivi ndivyo wanavyojitetea madhalimu wa kila namna, anasema, kuanzia mfalme dhaifu mpaka baba dhaifu wa familia: wote husema wanaizima akili yako kwa faida yako.

Nitasema pia kisichopendeza, kwa sababu kumsoma mtu kwa heshima ni pamoja na kumkagua kama alivyowakagua wengine. Katika utangulizi na sehemu nyingine Wollstonecraft, akitaka kuonyesha jinsi wanawake wanavyodhalilishwa, anasema wanatendewa kwa mtindo wa Uislamu, kana kwamba hawana nafsi. Msomaji Mwislamu anasimama hapo, na ana haki. Dai hilo ni uongo, na ushahidi wa uongo wake ulikuwa umechapishwa Uingereza miaka 29 kabla. Lady Mary Wortley Montagu, aliyeishi Uturuki mwaka 1717 na 1718 pamoja na mumewe balozi, aliandika katika barua zake, zilizochapishwa mwaka 1763, kwamba fikra hiyo ya watu wa kwao si kweli. Alieleza pia kwamba wake wa matajiri aliowaona kule walishika fedha zao wenyewe, na wakiachwa waliondoka nazo. Wakati huo mwanamke Mwingereza akiolewa mali yake ya mkononi ilikuwa ya mumewe. Mwanasheria Blackstone aliandika mwaka 1765 kwamba kwa ndoa mume na mke huwa mtu mmoja kisheria, na mtu huyo, kwa vitendo, alikuwa mume. Wollstonecraft, aliyemuuliza Rousseau alikuwa amesimama wapi, hapa hakujiuliza.

Kuna na hili la tabaka. Katika sura ya 12 anapendekeza shule za umma ambamo wavulana na wasichana, matajiri na maskini, wasome pamoja bure, wenye miaka 5 mpaka 9. Pendekezo kubwa kwa wakati wake. Lakini baada ya miaka 9 waliokusudiwa kazi za nyumbani na za mikono wapelekwe shule nyingine. Waliokusudiwa na nani? Hasemi.

Wengine nitawapitia upesi. Condorcet, mwanahesabati, aliandika mwaka 1790 kwamba ama hakuna mwanadamu yeyote mwenye haki za kweli, ama wote wana haki zilezile. Ni makala fupi, unaisoma kwa kikao kimoja. Olympe de Gouges, mwandishi Mfaransa, mwaka 1791 alilichukua Azimio la Haki za Binadamu na Raia, kifungu kwa kifungu, vyote 17, akamtia mwanamke ndani. Katika kifungu cha 10 aliandika kwamba mwanamke ana haki ya kupanda jukwaa la kunyongewa, basi awe na haki ya kupanda jukwaa la kuhutubia. Walimkata kichwa tarehe 3 Novemba 1793. Na Kant, ambaye mwaka 1784 aliwahimiza watu wathubutu kutumia akili zao, miaka 20 kabla alikuwa ameandika kwamba mwanamke anayejadili umakanika, yaani elimu ya nguvu na mwendo, kama Marquise du Châtelet afadhali awe na ndevu kabisa. Du Châtelet ndiye aliyemtafsiri Newton kwa Kifaransa.

Jozi ya mwisho ndiyo inayonipa taabu zaidi, kwa sababu ni mume na mke. John Stuart Mill na Harriet Taylor walioana mwaka 1851, na Mill akaandika tamko rasmi kwamba anazikana haki ambazo sheria ya ndoa ilimpa juu ya mkewe. Akiwa bungeni mwaka 1867 alipendekeza neno “mwanamume” katika muswada wa uchaguzi libadilishwe liwe “mtu”. Akapata kura 73 dhidi ya 196. Mwaka 1869 akatoa kitabu chake kuhusu kutiishwa kwa wanawake. Sura ya 1 ni hoja ya Ibn Rushd ikiwa imevaa suti. Kinachoitwa maumbile ya mwanamke, anasema, ni kitu kilichotengenezwa kabisa. Wamezuiwa upande mmoja na kuchochewa upande mwingine, na kwa hiyo hakuna anayejua, wala anayeweza kujua, wangekuwaje wangeachwa huru.

Kisha inakuja sura ya 2. Humo Mill anasema kwamba mwanamke anapoolewa, kwa kawaida ieleweke amechagua kuendesha nyumba na kulea watoto kama kazi yake ya kwanza, kama mwanamume anavyochagua taaluma. Harriet alikuwa amekwisha kuandika kinyume chake. Katika makala yake ya mwaka 1851 katika jarida la Westminster Review, iliyotoka bila jina, alisema hata kama pato la nyumba halitaongezeka sana, ni afadhali mara nyingi sehemu yake iwe imechumwa na mke kuliko yeye kuwekwa pembeni ili wanaume wawe wachumaji pekee. Mke anayechangia pato, alisema, hawezi kudharauliwa kama anavyodharauliwa anayetegemea.

Harriet alifariki Avignon mwaka 1858, na Mill alikiri baadaye kwamba yaliyo na kina zaidi katika kitabu chake yalitoka kwake. Hili la sura ya 2 halikutoka kwake. Wapo wanaomtetea Mill kwamba alitaka kupitisha jambo dogo ili kubwa lisikwame, na huenda. Lakini mimi naona hoja ya Harriet ndiyo inayosimama, na sababu ameitoa Mill mwenyewe: katika sura ya 1 alishasema hakuna ajuaye wanawake wangechagua nini, halafu kurasa chache mbele akawachagulia.